Mameto na kamera: kisa cha mama wa nyumba ya Candomblé aliyekuwa pia mwigizaji

Kwanza tuelewane

Majina yote nimetoa. Mji siutaji, stesheni siitaji, tamthilia yenyewe siitaji, na vile vitu vidogo vidogo ambavyo mtu wa kule angesoma akasema "ah huyu namjua" nimevibadilisha au nimeviacha kabisa. Mhusika mkuu alikubali nisimulie ilimradi msichana mmoja, mtakutana naye mbele, asitambulike, hilo ndo sharti pekee alilonipa. Mimi nilikuwa idara ya mavazi, msaidizi wa msaidizi, kazi yangu kupiga pasi na kuhesabu shanga, kwa hiyo hapa kuna niliyoyaona mwenyewe nikiwa nimesimama pembeni na pini mdomoni, na kuna aliyonihadithia yeye baadaye jikoni kwake. Nitajitahidi kuvitenganisha.

Naandikia hasa watu wa sanaa, wale mnaopeleka ngoma za asili, unyago, matambiko jukwaani au mbele ya kamera. Nchi ni Brazil lakini mtajikuta humu.

Huyu mama ni nani na nyumba yake ni ya namna gani

Brazil ilishushwa watumwa wa Kiafrika karibu milioni 4.8, hakuna nchi nyingine ya Amerika iliyofikia hapo, na utumwa wenyewe ulifutwa tarehe 13 Mei 1888, wa mwisho kabisa upande ule wa dunia. Wengi walitoka Angola na Kongo, wengine Afrika Magharibi, na wapo waliopakiwa Msumbiji wakapelekwa Rio. Walichobaki nacho kichwani ndo kilichozaa dini ya Candomblé, na baadaye Umbanda, na nikisema nyumba humu namaanisha nyumba ya ibada. Candomblé ina matawi wanayoyaita mataifa. Lenye jina kubwa ni Ketu, la Kiyoruba, la nyumba kongwe za mji wa Salvador, jimbo la Bahia, kama Casa Branca na Gantois, kwa hiyo mtu akisikia Candomblé anawaza orixá, zile roho wanazozitumikia, moja kwa moja. Mama wa kisa hiki ni wa taifa la Angola, wao hawasemi orixá wanasema nkisi, na hapo ndo mimi nilidata, kwa sababu maneno ya ibada yamejaa Kimbundu na Kikongo na ukiwa Mswahili unaanza kuelewa vitu hujafundishwa na mtu. Mungu ni Nzambi. Ngoma ni ngoma. Kichwa ni mutue, Mganda na Mnyarwanda hapo hawahitaji mkalimani. Mwiko wa chakula au wa nguo ni kizila, uweke karibu na mzio wetu wa pwani usikie. Na mama mkuu wa nyumba anaitwa mameto, yani mam'etu, mama yetu. Siku ya kwanza nasikia kijana wa miraba minne anamwita hivyo huku anambusu mkono nilitaka kulia, sijui kwa nini.

Eneo lote la nyumba, ukumbi na vyumba vya nkisi na miti na jiko, wenyewe wanaliita roça, maana yake shamba. Ukumbi wa sherehe ni barracão. Mdogo akikutana na mkubwa anasema "mukuiu", anaomba baraka, na mkubwa lazima ajibu. Ni shikamoo yao, tofauti ni kwamba wao bado wanaichukulia siriasi.

Mameto alikuwa ana miaka sitini na kidogo. Nyumba yake ilikuwa na watoto kama arobaini, watoto wa kiroho namaanisha, mjini pembezoni huko ambako basi la mwisho linapita saa nne usiku. Alikuwa pia mwigizaji mwenye leseni. Kule kazi ya usanii ina sheria yake tangu 1978 na huwezi kupewa nafasi ya maana bila usajili, naye alisajiliwa akiwa binti baada ya miaka ya maigizo ya mtaani. Jukwaani alicheza vizuri sana. Kwenye televisheni alicheza housegirl. Mara kumi na tatu, alihesabu mwenyewe, na katika hizo kumi na tatu mara tisa mhusika hakuwa hata na jina.

Hilo la housegirl si bahati mbaya yake peke yake. Mwaka 1944 Abdias do Nascimento alianzisha Teatro Experimental do Negro, kikundi cha maigizo cha weusi, kule Rio kwa sababu hiyo hiyo, mwaka uliofuata mwigizaji Ruth de Souza na wenzake wakapanda jukwaa la Theatro Municipal, na bado miaka themanini baadaye mwigizaji mweusi mwenye umri anapigiwa simu kuja kusema kahawa tayari. Na mama wa dini kuwa mwigizaji nako si ajabu kama inavyosikika. Chica Xavier, aliyezaliwa Salvador 1932 na kufariki Rio 2020, alikuwa sura inayojulikana nchi nzima kwenye tamthilia na wakati huo huo mama wa Umbanda mwenye nyumba yake Sepetiba, huko huko Rio. Mameto alikuwa akimtaja kama mtu anavyomtaja dada mkubwa aliyefaulu.

Kitu kingine mjue kabla hatujaendelea, mana bila hiki hamtaelewa hofu ya wazee wa nyumba. Hii dini imekuwa kesi ya polisi kwa muda mrefu. Sheria ya jinai ya 1890 ilitaja uchawi na kupandisha mizimu kama kosa. Bahia mpaka 1976 nyumba zilitakiwa kuandikishwa polisi. Vitu vitakatifu vilivyokamatwa Rio, ngoma, viti, sanamu, vilikaa mikononi mwa polisi miaka na miaka, na vipande 519 vilihamishiwa makumbusho ya Museu da República mwaka 2020 tu, juzi. Kwa hiyo kota, yani mzee wa nyumba, akisikia neno kamera, kichwani mwake kamera na daftari la polisi havina umbali mkubwa.

Ofa

Alipigiwa simu kuchezeshwa mama wa nyumba ya Candomblé kwenye tamthilia ya jioni. Mhusika ana jina, ana nyumba, ana watoto, anatibu watu, anamkaripia tajiri. Vipande kama thelathini. Malipo yalikuwa mara nne ya alichozoea.

Alikubali kwa sababu tatu na alizisema bila kupamba. Paa la barracão lilikuwa linavuja mpaka wakawa wanacheza wakikwepa ndoo. Alitaka kabla hajafa acheze mtu mwenye jina. Na alijua akikataa watamchukua mwigizaji mwingine, watamvisha kilemba, watampa maneno aliyoyaandika mtu wa mjini aliyesoma kwenye kompyuta.

Alitupa simbi kupiga ramli, simbi zikakubali. Halafu Jumapili baada ya sherehe akawaambia watoto wa nyumba. Nimemuuliza mara mbili hili na mara zote mbili amelijibu vile vile: aliwaambia, hakuwauliza. Kota mkubwa, yule mama mtu mzima ambaye hapandishi nkisi na kazi yake ni kuwatunza wanaopandisha, aliuliza swali moja, huko studio nani atakuwa anakulinda mutue? Mameto akajibu nitajilinda mwenyewe, na watu wakaenda kula.

Mistari aliyochora

Wiki ya kwanza alikaa na dairekta wakanywa kahawa wakakubaliana. Nyimbo zitakuwa zile zinazoimbwa barracão mlango ukiwa wazi, ambazo jirani yeyote anazijua, hakuna hata moja ya chumbani. Hakuna kuonyesha vyakula vya nkisi. Kupandisha ataigiza yeye peke yake, akiwa na akili zake, na hakuna ekstra atakayeambiwa aige. Dairekta alikubali yote. Alikuwa mtu mzuri kusema kweli, kijana, anasikiliza, aliweka mkono kifuani akasema nakuahidi.

Kwenye ngoma ndo palikuwa na vituko. Idara ya muziki ilishaleta wapigaji wa studio, mafundi kweli, wakatoa fimbo zao nyembamba wakaanza. Sasa fimbo ni za Ketu. Angola ngoma inapigwa kwa mkono, ngozi kwa ngozi. Mameto hakugomba, alisogea akaweka kiganja juu ya ngozi ya ngoma kubwa, sauti ikafa, akamwambia yule kijana, mwanangu umepiga vizuri sana nyumba ya jirani. Seti nzima ilicheka. Kesho yake wakaja wapigaji wa nyumbani kwake watatu, na alisimama kidete walipwe kiwango cha mwanamuziki, siyo cha ekstra, tofauti yake ilikuwa kubwa mno.

Na mimi yangu. Nilikuwa namvisha, tumenunua shanga sokoni nyekundu na kahawia, za plastiki, nzuri tu kwa kamera. Nikaona ndani ya blauzi amevaa nyingine, nyuzi mbili kuukuu, rangi imefifia, na kwa ajili ya mwendelezo wa picha nikapeleka mkono nizitoe. Aliushika mkono wangu. Siyo kwa nguvu, aliushika tu ukabaki hapo hewani. Akanieleza kwamba zile za nje ni plastiki, hazijaoshwa, nifanye nazo nitakalo, nizikate, nizimwage, haidhuru. Hizi za ndani zimeoshwa kwa majani na zina miaka thelathini na moja. Basi kila asubuhi nilikuwa nafunga kifungo cha juu cha blauzi kwa pini mbili ili zile za kweli zisionekane. Mwigizaji alikuwa nje, mameto alikuwa ndani, na kati yao kulikuwa na kitambaa cha pamba na pini zangu mbili.

Siku ya barravento

Wiki ya sita. Sini kubwa ya sherehe, ekstra kama arobaini wote meupe, taa za moto, saa nane mchana. Dairekta alitaka nguvu zaidi. Alimuomba xicarangoma, mkuu wa ngoma, apige kitu cha haraka, na yule kijana akamtazama mameto, mameto akaitikia kwa kichwa, akapiga barravento. Wanaojua wanajua, ni mapigo ya kasi, yanazunguka, mguu unakuponyoka kabla hujajua.

Mara ya kwanza ikapita. Ya pili taa moja ikaungua. Mara ya tatu, safu ya nyuma, msichana mmoja wa ekstra akaanza kuyumba kama anatafuta kitu sakafuni, halafu akaenda chini. Mzima mzima. Nilisikia kichwa kinagonga mbao.

Watu wa seti walidhani anaigiza. Mpiga picha wa kamera ya pili, akifanya kazi yake tu, akamsogelea, akamlenga. Mameto alikuwa katikati ya sentensi ya skripti, tajiri amepiga magoti mbele yake. Aliiacha sentensi hapo hapo. Alinyoosha mkono juu kuelekea ngoma bila kugeuka, ngoma zikakatika, akavuka ukumbi, akavua nguo ya begani akamfunika yule binti kichwa mpaka miguu. Kisha akapiga kelele jina la kota wake ambaye siku hiyo kwa bahati alikuja kuleta chakula. Wakambeba wakaingia naye chumba cha kubadilishia nguo, chumba changu, mlango ukafungwa, nikawekwa nje. Walivyomrudisha siwezi kusema kwa sababu sikuona, na ningeona nisingesema.

Alitoka baada ya kama saa nzima, anakunywa maji, hajui kilichotokea. Alikuwa na miaka ishirini na kitu, kazi yake ya kudumu ni kulea mtoto wa watu, ekstra anafanya siku ya ofu. Hakuwahi kukanyaga nyumba yoyote ya nkisi. Kwao ni Walokole watupu. Mtu ambaye hajaingizwa kwenye dini akianguka hivyo, kule wanalichukulia kama simu kutoka kwa nkisi mwenyewe, siyo ugonjwa wala si sarakasi, na kinachofuata ni jambo la faragha kati yake na atakayemchagua kuwa mama yake.

Mameto alimfuata dairekta, mimi nikiwa hatua tatu nyuma yao na nguo mkononi. Akamwambia picha ile isitumike. Dairekta akasema bila shaka, haitaingia kwenye kipande, nakuahidi. Mkono kifuani tena. Na ahadi hiyo aliitimiza, naomba mlikumbuke hilo tunavyoendelea.

Kifo kwenye skripti

Tamthilia za kule zinaandikwa huku zinaruka hewani, mwandishi anasoma upepo wa watazamaji anageuza mambo. Wiki mbili baada ya ile siku, skripti mpya ikaja: mama wa nyumba anakufa. Na mazishi yake kamili, jeneza barracão, watoto wanalia, nyimbo za msiba.

Hapa nyumba ililipuka. Mama wa kweli wa nyumba kulazwa kwenye jeneza, amefunikwa shuka jeupe, anaimbiwa nyimbo za kumuaga wafu? Sisi tunaita kujichuria, na hata wewe unayesoma ungemwambia mama yako asithubutu. Watoto wawili wakubwa wa nyumba walisema waziwazi akilala mle ndani wao hawarudi.

Mameto safari hii aliwaita wote akawauliza. Wakabishana mpaka usiku wa manane. Kisha akatafuta mwanasheria, binti wa harakati za weusi aliyemsaidia bure, wakaandika kiambatisho cha mkataba cha ukurasa mmoja na nusu. Mhusika anaweza kufa. Mwigizaji halazwi kwenye jeneza wala sanduku lolote, hafunikwi uso, nyimbo za msiba haziimbwi, na hakuna maiti ya kuonyesha. Badala yake alipendekeza sini hii: asubuhi, mlango wa barracão umefungwa, ngoma tatu zimefunikwa kitambaa cheupe, mtoto mdogo anakuja na ufagio, anaona mlango, anakaa kizingitini. Basi. Prodyusa akasaini. Nilisimama nyuma ya monita siku ile na nawaambia hakuna mtu aliyeongea mpaka yule mtoto aliponyanyuka.

Sekunde nne

Wiki ya kifo ikatangazwa kwa promo ya sekunde thelathini. Alhamisi usiku. Ndani yake, sekunde nne, yule msichana anaanguka. Mtu aliyehariri alitafuta kwenye picha ghafi kitu cha kuonyesha huzuni, akakuta binti amevaa meupe anaenda chini sakafuni, akaona ndo hiyo, amezimia kwa msiba.

Idara ya promo iko jengo lingine. Dairekta hana mamlaka nayo, wala nadhani hata hakuwa anajua wanachukua picha ghafi zote. Alivyoahidi haitaingia kwenye kipande alisema kweli. Kipande hakikuwa nayo. Promo ilikuwa nayo.

Jumamosi mhubiri mmoja mwenye wafuasi wengi alishaikata, akaiweka polepole, akaongeza sauti ya kucheka na maneno kuhusu mashetani. Ikaenda WhatsApp. Jumanne bosi wa msichana, yule mwenye mtoto, akamwambia asirudi kazini. Alitambulika kwa alama moja ambayo siielezi.

Mameto aligoma siku mbili. Akarudi na yule mwanasheria. Promo ikaondolewa hewani baada ya siku nne, ya mhubiri ikabaki inazunguka, na hata leo ukijua maneno ya kutafuta utaikuta. Msichana alifungua malalamiko polisi dhidi ya mhubiri kwa sheria ya ubaguzi ya 1989, ambayo sasa inagusa na dini. Dhidi ya stesheni hakuwa na pa kushika, kwa sababu alfajiri ile getini alisaini, kama ekstra wote wanavyosaini, karatasi ya kuachia picha yake kwa matumizi yote, vipande, matangazo, dunia nzima, bila kikomo. Nani anasoma hiyo karatasi saa kumi na moja alfajiri na foleni ya chai iko pale.

Matokeo

Paa liliezekwa. Sini ya mlango ilisifiwa sana na mameto alipigiwa simu za kazi, moja tu ikiwa ya housegirl. Watoto wawili wa nyumba waliondoka, si kwa sababu ya kifo, kwa sababu ya msichana, mmoja alirudi baada ya mwaka. Mtaani walianza kumuita kwa jina la mhusika hata wanaokuja kuomba dawa, jambo lililomuudhi kuliko alivyotarajia. Kesi ya mhubiri mpaka naandika ilikuwa bado inasuasua.

Sasa tuchambue

Nianze na lililofanya kazi kwa sababu watu wengi wakisikia kisa hiki wanakimbilia kusema asingekwenda. Mimi sikubaliani. Kila sehemu ambayo alikuwa na mtu wake kwenye chumba ilikwenda sawa. Ngoma zilikwenda sawa kwa sababu wapigaji walikuwa wa kwake na walilipwa kama wanamuziki, kwa hiyo aliponyoosha mkono zilikatika hapo hapo bila kusubiri dairekta. Fikiria wangekuwa wale wa studio. Wangesubiri amri ya kukata, barravento ingeendelea nusu dakika nyingine, na sijui wangeanguka wangapi. Nyimbo zilikwenda sawa mana aligawa ya mlango wazi na ya chumbani kabla hajakanyaga studio, hakukuwa na la kujadili kwenye joto la taa. Kota kuwepo siku ile, hilo lilikuwa bahati, na bahati siyo mpango. Swali la nani atakulinda mutue lilikuwa na jibu zuri tangu Jumapili ile ya kwanza, angesema "wewe, na ukae kwenye bajeti".

Lililoharibika. Watu wanalaumu promo, na ni kweli, lakini mimi naanzia kwenye kile kitendo cha kuitikia kwa kichwa. Nilimwambia hivi jikoni kwake, akanyamaza kidogo, akakubali. Kwenye barracão lake akiita barravento anajua kila kichwa kilichomo, nani kaingizwa, nani ana miaka mingapi, nani hajala, nani ana mimba. Pale studio kulikuwa na vichwa arobaini asivyovijua vilivyoletwa na wakala kwa basi. Mwigizaji ndani yake alitaka sini iwe nzuri. Mameto ndani yake alikuwa anajua. Kwa sekunde ile moja mwigizaji ndo aliyeitikia.

Halafu ni hili la ahadi, na hapa ndo naona kisa chote kimelala. Kwenye nyumba ya nkisi neno la mdomo ni kila kitu. Elimu yote inapita mdomoni na sikioni, hakuna daftari, mtu akisema mbele ya wazee amesema, na atakayevunja anajua atawajibu akina nani. Mameto ameishi ndani ya hilo miaka thelathini na kitu kwa hiyo dairekta aliposema nakuahidi alisikia neno lenye uzito wa kule. Studio kazi yake ni kugawanya neno. Anayeahidi siyo anayehariri, anayehariri siyo anayetangaza, na kila mmoja akiulizwa anasema kweli kwamba yeye hakuvunja chochote. Kitu pekee kinachopita kutoka jengo moja kwenda jingine ni karatasi. Kifo kilikuwa kwenye karatasi, na kifo kiliheshimiwa mpaka nukta ya mwisho. Sekunde nne zilikuwa kwenye mkono uliowekwa kifuani.

Na linalouma ni kwamba karatasi ile ya kifo iliandikwa wiki mbili BAADA ya msichana kuanguka. Mwanasheria yupo, kalamu ipo, mstari mmoja tu ungetosha. Nimemuuliza kwa nini hamkuongeza. Akasema nilishaahidiwa.

Kuna wanaoniambia angejifunza kwa yaliyompata Mãe Gilda, mama wa Candomblé wa Salvador, na ni kweli nchi nzima inamjua. Picha yake ilichapishwa Oktoba 1999 kwenye gazeti la kanisa moja kubwa chini ya kichwa cha habari kinachomuita tapeli, akafariki kwa moyo tarehe 21 Januari 2000, na tangu 2007 tarehe hiyo ni siku ya kitaifa ya kupinga chuki za kidini. Mameto kila mwaka alikuwa anaandamana siku hiyo. Lakini angalia tofauti: kule picha ilitumiwa na watu wasiomtakia mema. Hapa kamera ilikuwa ya marafiki. Alikuwa amejiandaa kwa adui, akaleta mwanasheria kwa ajili ya adui, kumbe tobo lilikuwa upande wa watu wanaomwita mama na kumletea kahawa. Na mmoja wao ni mimi, nilikuwa na mlango wa chumba kile nyuma ya mgongo wangu na sikuwaza hata kidogo kuhusu ile kadi ya kamera ya pili imeenda wapi.

Kuhusu nyumba. Mara ya kwanza aliwaambia, mara ya pili aliwauliza, na mara ya pili ndo lilitoka wazo la ngoma zilizofunikwa, halikuwa la kwake, lilikuwa la yule kota. Sisemi zaidi.

Bado kuna jambo silitatui. Sensa ya 2010 waliojitaja wa Umbanda na Candomblé walikuwa asilimia 0.3, ya 2022 wakafika 1.0, na wengi kule wanaamini kuonekana kwa heshima kwenye skrini kumesaidia watu kuacha kujificha. Inawezekana sana. Mameto alipokea barua, wasichana wanamwandikia nimemuonyesha bibi yangu. Lakini mwenye kupoteza kazi alikuwa mmoja, na hakuwa kwenye orodha ya wasanii wanaopewa sifa, alikuwa kwenye basi la wakala. Ukiweka barua zote upande mmoja na yeye upande wa pili, mimi mizani hiyo siwezi kuishika.

Yaliyofuata

Sasa hivi mameto akisaini kazi anakuja na ukurasa wake, umeandikwa kwa mkono kisha ukapigwa chapa: picha ya mtu yeyote aliyepandisha au kuanguka, awe mwigizaji, ekstra au fundi, haitumiki kwenye kipande, tangazo, picha ya mnato wala kumbukumbu, na inafutwa siku hiyo hiyo mbele ya shahidi. Prodyusa wawili wamekataa, mmoja amekubali. Kota anakwenda naye, analipwa, kwenye karatasi ya malipo ameandikwa mshauri. Na alfajiri kabla ekstra hawajaenda kwenye chai mameto anapita mmoja mmoja anawauliza kwao wapi na kama wamewahi kusikia ngoma hizi kwa karibu, anayesita anampa kazi ya nje ya ukumbi, analipwa vile vile.

Msichana alitafuta nyumba. Alichukua mwaka na nusu, akazunguka, na hakuichagua ya mameto. Alichagua mama mwingine, upande wa pili wa mji, akawekwa ndani kama mwali wa kwetu anavyowekwa, kichwa kikanyolewa, na siku ya kutolewa hadharani mameto alialikwa. Alikwenda na basi mbili. Wakubwa wa nyumba ile walimwonyesha kiti cha heshima karibu na ngoma, akasema hapana asante, akaenda kukaa mabenchi ya wageni karibu na mlango, na kwenye mlango palikuwa na kibao cha kadibodi: simu zizimwe.